Mlio wa Pili

Wiki ile inayofuata Krismasi, Twila Hockenberry hakumenya viazi. Wiki nyingine zote za mwaka alimenya kama mtu mwingine yeyote, lakini msimu wa kuwinda kwa magobore ukishafunguliwa kule mlimani, viazi vilibaki ghalani vikichipua na kisu chake kidogo chenye mpini wa mti kikalala kwenye droo. Majirani tulijua. Aliyemkaribisha chakula siku hizo alimpikia tambi nene na kuku, au kabichi ya siki na nyama ya nguruwe kama Mwaka Mpya ulishafika, wala hakuna aliyejitia kuuliza.

Haikuwa siri. Bonde letu ni jembamba, ukipiga chafya upande huu, upande wa pili wanakutakia afya. Mumewe, Dorsey, alifia mlimani msimu huo, miaka tisa kabla ya haya ninayowasimulia. Jioni ile Twila alikuwa jikoni akimenya viazi vya supu aliposikia mlio wa gobore kutoka juu, upande wa Majabali ya Kunguru. Gobore halipasui sikio kama bunduki za siku hizi. Linatoa mlio mzito, mnene, kama mtu ameangusha gunia la unga kwenye sakafu ya mbao. Akatoka barazani na kisu mkononi.

Kwetu, mlio mmoja maana yake nyama. Mtu akipatwa na shida msituni hupiga tena, na akiweza hupiga mara ya tatu. Mwenye bunduki ya kisasa hilo si lolote, lakini mwenye gobore ana kazi. Amimine baruti mtutuni, afunge risasi kwa kitambaa, aishindilie kwa mdeki, ule ufito mrefu wa kushindilia, mpaka chini, kisha atie baruti laini ya kuwashia kwenye kisahani cha pembeni, ndipo jiwe lipige chuma na cheche ziruke. Kwa hiyo wake wa wawindaji wa huku wana desturi yao: ukisikia mlio, unatoka, unasimama, unampa mtu wako muda wa kupakia upya. Usiposikia kitu, unarudi kwenye sufuria yako.

Twila alisimama. Alisimama mpaka maji ya viazi yakaanza kumgandia vidoleni. Kimya. Akajisemea, basi amepata, akaingia ndani, akaongeza viazi vingine kwenye sufuria, maana mtu aliyeburuta kulungu hula bila kusemeshwa.

Dorsey hakurudi. Galen, mdogo wake, pamoja na vijana wa zimamoto, walimkuta asubuhi chini ya jabali kubwa, mguu umevunjika, theluji imetuama ukingoni mwa kofia yake na gobore limelala mapajani. Bonde zima likapanga maneno namna moja. Alimlenga kulungu akamkosa, akamfuata mbiombio, akateleza. Yaani mlio kwanza, kuanguka baadaye. Mchungaji alisema hivyo, daktari alisema hivyo, na wale wanawake wanaojua kila kitu pale dukani walisema hivyo huku wakipima jibini. Angekuwa ameita, angepiga tena. Twila mwenyewe alilisema neno hilo kuliko wote. Alilisema mezani, alilisema kanisani, alilisema peke yake akikunja shuka. Angeniita, angepiga tena.

Lakini kila msimu ukifunguliwa, jua likishuka, utamkuta barazani. Mkono wake wa kulia umekunjwa kana kwamba umeshika kisu. Anasikiliza mlio wa pili.

Mwaka huo wa tisa alimwendea Galen kwenye karakana yake ng'ambo ya kijito, akamkuta ameinama juu ya bunduki ya mtu. Galen ni mseja, tumbo kubwa, mikono myepesi, na kazi yake ni kuponya silaha kuukuu. Twila akamwambia mwaka huu atawinda. Tena kwa gobore. Tena kwa gobore la Dorsey.

Galen aliweka bisibisi chini. Akamkumbusha, kwa kicheko kidogo, kwamba umri wake umeshavuka sitini.

"Umri wangu nimewaambia watu wa leseni," Twila akasema, "na hawakucheka. Wewe unacheka nini, shemeji?"

Kumbe mwanamke alishamaliza nusu ya safari bila kumwambia mtu. Alishakaa kozi ya usalama kwenye jumba la zimamoto, katikati ya watoto wenye mapengo, na mtihani akaufaulu kuliko baba zao waliokuwa wakisinzia ukutani. Leseni anayo, na kibali cha ziada cha gobore anacho, na kile kipande cha kumfunga mnyama sikioni kabla ya kumsogeza nacho kimo mkobani. Mwenye mashamba ya chini, Twila alishampelekea keki ya molasi na kumwomba ruhusa ya kupita, na mtu yule, ambaye hata salamu huitoa shingo upande, alikubali.

Galen akaona hana pa kutokea. Akauliza swali moja tu, kwa nini.

"Nataka nikae alipokaa. Nishike alichoshika. Nataka nijue kama aliniita."

"Aliyekufa haiti, shemeji."

"Simsemi aliyekufa. Namsema yule aliyekuwa hai bado."

Galen akaiokota tena bisibisi. Mimi nadhani naye alikuwa na mlio wake wa kusikiliza, ila wanaume wa huku wakisikia kitu hukimbilia kazi. Akasema sawa, lakini mambo yaende kwa sheria na kwa usalama, hatua kwa hatua, na akikosea hata moja, safari imekufa. Twila akasema ndicho alichokuja kukifuata, akaondoka kabla hajaanza kulia.

Ikawa hivyo vuli nzima. Walipanda mlima bila silaha kuchagua mahali, mbali na nyumba za watu kama sheria inavyotaka. Twila atakaa juu ya Majabali, mgongo kwenye mwaloni mpana, mbele yake kuna mteremko wa udongo utakaomeza risasi ikimkosa mnyama. Galen atakaa kwenye gogo lililoanguka, chini upande wa kushoto, na hakuna atakayeelekeza mtutu upande wa mwenzake hata kulungu atokee amevaa taji. Fulana za rangi ya chungwa kali watavaa wote wawili, ingawa msimu ule haulazimishi. Galen alisema sheria inakwambia kiasi cha chini tu, haikukatazi kuwa na akili. Hapo penyewe chini ya jabali, alipokutwa Dorsey, Twila hakutaka kushuka. Alisema atashuka siku yake ikifika. Galen hakumsukuma, akageuza uso upande mwingine upesi mno.

Likabaki gobore lenyewe. Lilikuwa juu ya mlango wa ghala, jikoni kwa Twila, pale pale Galen alipolitundika siku ya msiba, na kando yake kipembe kidogo cha baruti ya kuwashia kikining'inia kwa ugwe wake. Tangu siku hiyo Twila alikataza mtu kuligusa. Alilipangusa vumbi kwa manyoya ya bata, mkono wake usikutane na chuma.

Sasa, kuna jambo la kujua. Huku kwetu gobore ambalo kisahani chake ni kitupu linahesabiwa kuwa halina kitu, hata kama mtutuni mna risasi. Mtu akichoka jioni hupangusa kisahani, akalitundika lilivyo, akalala, kesho akatia baruti ya kuwashia na kuendelea. Ni desturi ya uvivu na ndiyo inayotuua. Ndiyo maana Galen ana amri moja asiyoipunguza hata kwa kulewa: gobore lolote linaloshuka ukutani lina risasi, mpaka mdeki useme halina.

Walilishusha Jumamosi iliyofuata Krismasi, msimu umeshafunguliwa, wakalitoa barazani kwenye mwanga, mtutu umeelekezwa bustanini. Galen akafungua taya za chuma akalitoa jiwe kwanza, akalitia mfukoni. Kisha akachukua mdeki wa Dorsey. Ulikuwa na alama mbili zilizochongwa kwa kisu. Ya juu ilikaa sawa na mdomo wa mtutu bunduki ikiwa tupu. Ya chini ilikaa sawa na mdomo bunduki ikiwa imepakiwa baruti na risasi. Galen akauteremsha taratibu. Mtutu mtupu hujibu kwa sauti ya chuma. Huu ulijibu dufu.

"Kuna risasi," akasema.

Twila aliketi kwenye ngazi. Kisha akacheka. Alicheka kicheko ambacho hakijasikika kwenye nyumba ile tangu msiba, machozi yakimtoka, mkono kifuani. Maana aliona kila kitu kwa mara moja: kama risasi bado imo, basi Dorsey hakupiga. Ule mlio haukuwa wake! Ulikuwa wa mtu mwingine, mpita njia, mtu aliyeangusha nyama yake akaenda zake. Miaka yote hiyo alikuwa akisumbuliwa na bunduki ya mtu asiyemjua. Akasema asante Mungu, akasema atapika viazi leo leo, sufuria nzima.

Galen hakucheka. Alikuwa ameinama, anautazama mdeki. Alama ya juu, ile ya mtutu mtupu, ilikuwa imesimama juu ya mdomo kwa kiasi cha ukucha wa kidole gumba tu. Alama ya chini, ile ya bunduki iliyopakiwa, haikuonekana, imezama ndani kabisa ya mtutu. Akauvuta, akauteremsha tena. Pale pale.

"Nini?" Twila akauliza.

"Tuiache kwanza niweke mafuta, ilainike," Galen akasema. "Kesho tutaivuta."

Twila alimjua shemeji yake. Mtu akimjua mtu miaka arobaini, hahitaji kuambiwa. Kicheko kikamwishia mdomoni, na viazi havikupikwa.

Kesho yake baada ya ibada Galen alifunga parafujo kwenye ncha ya mdeki, akaizungusha mpaka ikauma risasi, akavuta. Aliivuta kwa mikono miwili na mguu mmoja kwenye nguzo, jasho linamtiririka kwenye baridi ile. Risasi ilitoka ikilia kwa kutu, na kitambaa chake kimeshikamana nayo. Kilikuwa cha mistari ya buluu na nyeupe. Twila ndiye aliyevikata vitambaa vile kutoka kwenye godoro lao la kwanza la ndoa.

Galen akainamisha mtutu juu ya sahani nyeupe, akaugonga kwa kiganja. Ikamwagika kutu nyekundu, mabaki magumu ya masizi ya zamani, na basi. Akagonga tena. Akachokonoa na kibanzi. Hapakuwa na chembe ya baruti.

Alikuwa akijua tangu jana. Masizi yale maana yake mtutu ulipigwa na haukusafishwa. Risasi ile maana yake ulipakiwa tena. Na sahani ile maana yake aliyepakia alisahau baruti, akashindilia risasi peke yake.

Jambo hilo lina jina huku, tunaliita risasi kavu, na halitokei popote ila kwa watu wa gobore. Anayelifanya huchekwa na bonde zima. Kwenye karamu ya kufunga msimu huvishwa upawa shingoni, akaulizwa na kila mtu kama leo ametia chumvi kwenye supu. Na mvishaji mkuu wa upawa alikuwa Dorsey Hockenberry, mtu aliyepakia kwa kuimba, baruti kwanza, kitambaa, risasi, ambaye maisha yake yote hakuwahi kukosea hata mara moja. Mguu ulikuwa umevunjika, vidole vimekufa ganzi, giza linaingia. Ndiyo mara yake ya kwanza na ya mwisho.

Galen alikigeuza kitambaa. Upande wa nyuma, ulioelekea kwenye kitundu kinachopitisha moto kutoka kisahani kuingia mtutuni, palikuwa na doa dogo jeusi lililoungua.

Twila akainuka, akaingia jikoni, akarudi na kile kipembe kidogo cha baruti ya kuwashia. Akakiinamisha juu ya sahani ile ile. Hakikutoa kitu. Siku zote waliamini kilimwagika alipoanguka, maana kilikutwa kizibo kiko wazi. Lakini alikijaza asubuhi ile ile, kwenye meza yake Twila, kwa faneli aliyoitua juu ya kisahani cha siagi, wakagombana kidogo kwa sababu ya siagi.

"Alifyatua mara ngapi, Galen?"

Hakumwita shemeji. Galen alijifuta mikono kwa kitambaa ambacho kilikuwa kichafu kuliko mikono.

"Mpaka ikaisha."

Akamweleza, kwa sababu sasa hapakuwa na cha kuficha. Baruti ya kisahani ikiwaka peke yake haina mlio. Ni mwako tu na moshi, fuu, basi. Mtu anayejua kazi, akigundua kosa lake, hujaribu kuingiza punje chache kwa kile kitundu cha pembeni ili isukume risasi nje. Ni kazi ya sindano. Inataka vidole vinavyosikia. Labda ndicho alichokuwa akijaribu.

"Huo mwako unaonekana?" Twila akauliza.

"Kuna misonobari hapo katikati, shemeji. Usingeuona."

"Nilikuwa nimeshaingia ndani," Twila akasema. "Kuona ningeona wapi?"

Galen akaanza kulia yeye. Alisema siku ile alilishika gobore, akapangusa kisahani, akatundika, wala hakuteremsha mdeki. Yeye, mwenye amri yake. Angeteremsha tu, angejua tangu hapo.

"Na ungejua, ungeniambia?"

"La."

"Basi nyamaza," Twila akasema, akamwekea mkono begani. Jioni ile hakusimama barazani. Alikaa jikoni bila taa, na mimi niliyepita njiani nikadhani hayupo.

Tulijua safari imekufa. Hata mimi nilisema hivyo, na nilisema kwa sauti ya mjuaji, Mungu anisamehe. Galen alipima mtutu ule akakuta kutu imeula ndani, haufai kupigwa tena, akaona hiyo ndiyo sababu nzuri ya kuachana na jambo zima. Twila akamwambia amwazime gobore lake la pili. Akamwambia pia kwamba katika mipango yao kuna kitu kimoja kinabadilika.

"Ukisikia mlio mmoja, unakuja. Husubiri wa pili."

"Na kama ni nyama tu?"

"Utanisaidia kuburuta."

"Na mimi nikipiga?"

"Nitakuja. Hata ukinifukuza nitakuja."

Siku yenyewe ilikuwa tulivu, theluji ngumu, pumzi inaning'inia. Kwenye gari magobore yalikwenda matupu kabisa, mdeki umeshasema. Mlimani Galen alimsimamia Twila wakati wa kupakia, akamtaka aseme kila hatua kwa sauti, na Twila akasema baruti kwanza, akasimama hapo kidogo, Galen akatazama miti, kisha akaendelea, kitambaa, risasi. Wakaangalia alama ya chini kwenye mdeki, ikakaa sawa na mdomo wa mtutu. Wakaachana. Kwenye mkoba wake Twila alikuwa na mkate na mayai yaliyolowekwa kwenye siki ya bitiruti, aliyala akiwa ametulia mgongo kwenye mwaloni, vidole vikageuka vyekundu.

Alasiri kulungu jike alikuja. Alitoka kwenye vichaka vya juu, akapanda ukingoni, akasimama ubavu kamili, masikio yanacheza. Mtu yeyote angepiga. Twila aliinua gobore, akaona nyuma ya mnyama hakuna mlima, kuna anga tupu, na ng'ambo ya anga hiyo huenda kuna mtu asiyejulikana. Akalishusha. Kulungu akaenda zake polepole. Mwalimu wa kozi angempigia makofi, ila Twila hakufikiria kozi.

Mwanga ulipoanza kupungua, akapangusa kisahani, akashuka mpaka chini ya jabali kubwa. Alikuwa ameahidi siku yake ikifika. Akapajua mahali bila kuonyeshwa, maana jiwe limejikunja pale kama kiti. Akakaa, akanyoosha miguu kama alivyoambiwa walimkuta Dorsey ameinyoosha, akainua macho.

Misonobari ilikuwepo, ndiyo. Ilikuwa imeachana katikati, na kwenye uwazi huo, chini kabisa, kulikuwa na nyumba yake. Alikuwa ameacha taa ya baraza inawaka. Aliliona baraza lote, nguzo, ngazi, hata ule mlango wa jikoni wenye rangi ya maziwa.

Basi alimwona. Dorsey alipiga, na mkewe akatoka na kisu mkononi, akasimama, akatazama huku huku. Alimwona amesimama pale wakati vidole vinahangaika. Na alimwona anageuka, anaingia ndani, mlango unafungwa. Ndipo labda akatia baruti ya kuwashia, mwako mmoja, mwako mwingine, kwa mlango uliofungwa. Twila alisikia uchungu mwilini kama mtu anayezaa. Akasema kwa sauti, nisamehe baba, nilikuwa naongeza viazi. Hakuna kilichojibu. Mlima ulikuwa kimya, na ukimya ule ule wa jioni ile ulikuwa umekaa naye pale jiweni, umemngoja miaka tisa.

Hapo mlio ukapigwa.

Mmoja, mzito, kutoka ng'ambo ya ukingo, upande ambao Galen hakuwepo. Twila aliganda. Aliniambia baadaye kwamba hakujua kama umelia mlimani au kichwani mwake, maana ulikuwa ule ule. Mkono wake wa kulia ukajikunja wenyewe ukashika kisu kisichokuwepo, na mwili wake wote, kwa mazoea ya maisha, ukaanza kusubiri wa pili. Kisha akasema hapana.

Akainuka. Akakagua kisahani, kitupu, akaupanda ukingo kwa magoti na viwiko, na alipofika juu akaanza kupiga kelele ili asidhaniwe mnyama. "Mtu anakuja! Nakuja! Usipige, nakuja!" Aliteleza, akaanguka, akaendelea. Fulana yake ya chungwa ilichanika kwenye miiba.

Alimkuta kijana wa mjini, ndevu changa, amepiga magoti kwenye theluji mbele ya kulungu dume mdogo, kisu mkononi, sikioni kipande kimeshafungwa kama sheria inavyotaka. Alikuwa mzima kabisa, tena na furaha yake. Alimtazama mama yule mwenye mvi na vidole vyekundu anayehema, uso umelowa, akasimama kwa hofu.

"Mama, kuna nini? Umepotea?"

"Sijapotea."

"Umeumia?"

"Hapana."

"Sasa mbona unakimbia hivyo?"

"Nimesikia mlio," Twila akasema. "Nimekuja."

Kijana akacheka kidogo, akasema ni mlio mmoja tu, mama, mlio mmoja si ni nyama? Kisha akamtazama vizuri, kicheko kikakatika. Kabla hajasema kingine, vichaka vilivunjika nyuma yao na Galen akatokea, kofia hana, tumbo linapanda na kushuka, uso umekuwa wa zambarau. Alikuwa amepanda mlima mzima kwa mbio. Alimwona Twila amesimama kwa miguu yake miwili, akashika mti.

"Nilidhani ni wewe," akasema hatimaye.

"Najua," Twila akasema. "Umekuja."

Giza lilikuwa linafunga, na kulungu alikuwa bado hajapasuliwa. Kijana alibaki na kisu chake, anawatazama wazee wawili wanaolia juu ya nyama yake, hajui ashike wapi. Mwishowe akauliza kama kuna anayeweza kumshikia mguu wa nyuma. Twila akapiga magoti kwenye theluji, akaushika.